Uzi: Filamu fupi za vichekesho zilizoicheka studio ya zamani, na pale kicheko kilipogota

Mleta mada

Wakuu, salaam.

Juma lililopita, katika mjadala mwingine humu ndani, ilisemwa kwamba filamu za kuwadhihaki watengenezaji wa filamu ni mtindo wa siku hizi, uliozaliwa na vijana wenye simu na muda wa kupoteza. Sikujibu siku ile, kwa kuwa jibu lingekuwa refu kuliko mada yenyewe, na kuvamia uzi wa mtu kwa habari za zaidi ya miaka mia moja iliyopita si adabu. Nimeona nifungue uzi wake. Ninachotaka kuonyesha ni kwamba studio za Marekani zilianza kujicheka karibu tangu zilipojengwa, katika filamu za dakika sita hadi ishirini na kitu, na kwamba filamu hizo zinatupitisha mlango wa nyuma wa studio ambao filamu za heshima ziliufunga. Ninayo pia hoja ya pili, ambayo huenda isiwafurahishe wapenzi wa Charlie Chaplin, mchekeshaji wa filamu bubu, nami nikiwamo: kicheko hicho kilikuwa na mpaka, na tukiangalia vizuri tutaona ni nani aliyeuchora.

Tuanze na Februari 1914. Yule jamaa wa kofia ya duara, fimbo na viatu vilivyomzidi miguu, ambaye ni Chaplin, alionekana na watazamaji kwa mara ya kwanza akiwa anaharibu kazi ya mpiga picha. Filamu inaitwa Kid Auto Races at Venice. Watoto wanashindana kwa vigari katika mji wa Venice, California. Umati uliojipanga kando ya njia ni wa watu wa kweli waliokuja kutazama mashindano, si waigizaji. Kamera imewekwa kupiga picha za mbio, na kila inapoelekezwa barabarani jamaa huyu anajipitisha mbele yake, anasimama, anageuka, anajifanya hakuiona. Anayemsukuma atoke ni Henry Lehrman, aliyecheza nafasi ya mwongozaji, na ambaye ndiye aliyekuwa mwongozaji wa filamu yenyewe. Kwa hiyo mhusika mashuhuri kuliko wote wa filamu zisizo na sauti alizaliwa kama kero ya watengenezaji wa filamu, na aliyekerwa alikuwa bosi wake wa siku hiyo.

Kampuni iliyoitoa ni Keystone, aliyoianzisha Mack Sennett mwaka 1912 katika kitongoji cha Edendale, Los Angeles. Chaplin alilipwa hapo dola 150 kwa wiki, na kwa mwaka mmoja alitoka katika filamu zaidi ya 30. Ukijua kasi hiyo unaelewa kwa nini studio yenyewe iligeuka kuwa kichekesho: mtu anayetakiwa kuleta wazo jipya karibu kila wiki huchukua lililo karibu na mkono wake, na lililokuwa karibu lilikuwa ni mahali pa kazi. Katika A Film Johnnie, ya Machi mwaka huohuo, anaingia ukumbini, anampenda msichana anayemwona kwenye pazia la kuonyeshea filamu, kisha anakwenda kumtafuta Keystone kwenyewe. Waigizaji wenzake, Roscoe Arbuckle na Ford Sterling, wanaonekana wakiingia kazini kama wao wenyewe. Moto unapozuka kweli mahali fulani, mwongozaji anakusanya watu wake na kukimbilia huko ili kupata mandhari ya bure. Huo haukuwa utani mtupu. Kutumia tukio la mtaani badala ya kujenga seti ilikuwa ndiyo desturi ya kampuni hiyo, kama mashindano ya vigari yanavyoonyesha. Mwishoni Chaplin anarushiwa maji ya mpira wa zimamoto hadi analowa chepechepe, naye anajipinda sikio, na maji yanamtoka mdomoni kama bomba lililofunguliwa.

Miezi michache baadaye akaja na The Masquerader, ambamo mwigizaji anafukuzwa kwa kusahau zamu yake ya kuingia, kisha anarudi akiwa amevaa kama bibi wa heshima, na mwongozaji yuleyule aliyemfukuza anamwania kwa tabasamu lote. Nitaipita haraka, ila mtu asikose dakika zake za mwanzo: Chaplin na Arbuckle wameketi meza moja ya kujipodolea, na Chaplin anaingia bila masharubu yake ya bandia, kijana mtanashati tu ambaye ungepishana naye barabarani bila kugeuza shingo.

Mchangiaji wa kwanza

Mleta mada, uzi mzuri, lakini umeanza katikati. Mwaka 1913 Keystone ilikuwa tayari imetoa Mabel's Dramatic Career, ambamo Mabel Normand ni mtumishi wa jikoni anayekimbilia mjini na kuwa nyota wa filamu. Mchumba wake wa kijijini anaingia ukumbini, anamwona kwenye pazia akiteswa na mtu mbaya, anachomoa bastola na kulipiga risasi pazia. Aliyeigiza mshamba huyo ni Mack Sennett mwenyewe, mwenye kampuni. Unasema kicheko kilikuwa na mpaka uliochorwa na bosi. Mbona hapa bosi ndiye aliyejifanya mjinga?

Hata hivyo, mzaha wa mshamba na pazia ni wa zamani zaidi ya hapo. Robert Paul aliufanya Uingereza mwaka 1901, na mwaka uliofuata Edwin Porter akaurudia Marekani kwa ajili ya kampuni ya Edison, katika filamu ambayo mjomba mmoja wa shamba analirarua pazia na kumkuta nyuma yake mtu wa mashine ya kuonyeshea filamu.

Mleta mada

Ndugu, nimesimama kusahihishwa kuhusu Mabel, sikupaswa kumruka. Kuhusu Sennett, jibu langu ni kwamba bosi anayejifanya mjinga mbele ya kamera hapunguziwi chochote. Yeye ndiye aliyepokea mapato ya ujinga huo. Lakini hoja yako inanifikisha pale nilipotaka kukaa kwa muda, yaani mwaka 1916.

Kabla ya hapo, Chaplin aliihama Keystone na kwenda kampuni ya Essanay ya Chicago kwa dola 1,250 kwa wiki pamoja na dola 10,000 za kutia saini. Filamu yake ya kwanza huko, His New Job, ilitoka Februari 1915, na studio inayoonyeshwa ndani yake inaitwa Lodestone. Msomaji mwenye sikio ameshaisikia Keystone humo: mtu amehama kazi, na siku ya kwanza kwa mwajiri mpya anamsengenya wa zamani. Anaajiriwa kama msaidizi wa seremala; mwigizaji mkuu anachelewa, seremala anavikwa sare ya kijeshi, na tamthilia ya wafalme inaharibika hatua kwa hatua, kuanzia mkia wa gauni la bibi unaoraruka hadi nguzo kubwa ya bandia inayomwangukia. Katika ofisi ya studio yumo msichana anayepita kama mpiga taipu. Ni Gloria Swanson, ambaye mwaka 1950, katika Sunset Boulevard, aliigiza nyota wa filamu bubu aliyesahauliwa, na katika onyesho moja la filamu hiyo anavaa kofia na kumwigiza Chaplin. Kuhusu Essanay, Chaplin alisimulia baadaye kwamba wakubwa wa pale walikuwa wakitazama kazi ya siku kwa kupitisha negativu halisi, yaani mkanda wa asili uliotoka kwenye kamera, kwenye mashine, ili wasigharimie kopi. Kila anayejua kwamba negativu ikikwaruzwa imekwaruzwa milele atasikia baridi. Alitengeneza filamu hiyo moja tu Chicago, akaondoka.

Sasa Behind the Screen, iliyotoka Novemba 1916. Wakati huo Chaplin alikuwa na mkataba na kampuni ya Mutual wa dola 670,000 kwa mwaka, ambao aliutia saini akiwa na umri wa miaka 26. Anacheza David, msaidizi wa fundi wa vifaa vya seti. Bosi wake anaitwa Goliath, ambaye ni Eric Campbell, pandikizi la mtu. Goliath analala, David anabeba. Kuna mahali anapita na viti 11 mgongoni na mikononi, miguu ya viti ikiwa imechomoza kila upande, na kwa muda humwoni mtu, unaona nungunungu anayetembea. Anaweka zulia la ngozi ya dubu, anatazama kichwa cha dubu, anachukua kitana na mafuta na kumhudumia kama kinyozi anayemhudumia mteja wa kila Jumamosi. Wakati wa chakula mwenzake anakula vitunguu vya majani. David anavaa kofia ya chuma ya askari wa kale, anaishusha mbele ili kuikwepa harufu, kisha anaifunua upesi, anatia mkate mdomoni na kuifunga tena. Wakati huohuo, mwenzake akigeuza uso, anaumega mfupa wake wa nyama kama vile ulikuwa wa wote.

Onyesho la kurushiana pai ndilo linalotajwa sana, na wengi hawaelewi kwamba lenyewe ni kejeli. Maandishi kwenye pazia yanatutangazia kwamba idara ya vichekesho inafanyia mazoezi wazo jipya, na wazo lenyewe ni pai usoni, jambo ambalo kila mtazamaji wa 1916 alikuwa amekwisha kuliona hadi kulichoka. Hapo inafaa kujua namna majukwaa ya studio yalivyokuwa. Mengi yalikuwa hayana paa wala kuta za kutenganisha. Mwanga wa jua ulichujwa kwa vitambaa vyeupe vilivyotandazwa juu, na seti mbili au tatu zilipangwa bega kwa bega, kwa maana hakukuwa na sauti ya kurekodi na kelele za jirani hazikumdhuru mtu. Mwongozaji wa huzuni angeweza kumliza bibi hatua chache kutoka pale ambapo mwenzake anavunja ngazi. Kwa hiyo pai zinapovuka mpaka na kumpata mfalme kwenye kiti chake cha enzi, Chaplin hakubuni chochote zaidi ya kusahau kulenga. Utaratibu wa kazi ulikuwa umekwisha kumwandikia kichekesho.

Ukitaka kujua jinsi seti zilivyogeuzwa, mlango wa sakafuni ulivyofunguliwa kwa wenzo, au fundi alivyolala chini ya mandhari yake mwenyewe, filamu hii itakuonyesha vitu ambavyo picha za matangazo za zama zile zilivikata pembezoni.

Lakini tazameni mgomo. Mafundi wa jukwaani wanaamshwa katika usingizi wao wa mchana, wanakasirika na kugoma. Msichana wa shamba, Edna Purviance, ambaye alikataliwa alipoomba kuigiza, anavaa ovaroli na kofia na kupewa kazi iliyoachwa wazi. Wagomaji wanajibu kwa kupanga kuilipua studio kwa baruti, na shujaa wetu, aliyebaki kazini, anaingia kuiokoa. Sasa kumbukeni mji uliokuwa nje ya lango. Oktoba 1910 jengo la gazeti la Los Angeles Times lililipuliwa, watu 21 wakafa, na ndugu wawili waliohusika na chama cha wafanyakazi wa vyuma, John na James McNamara, walikiri mwaka uliofuata. Baruti ya wagomaji haikuwa mzaha uliookotwa hewani. Ndiyo maana nasema bosi anachekwa kwa uvivu wake, ulafi wake na ukubwa wa tumbo lake, ila mtu anayesimamisha kazi ili adai kitu hapati hata chembe ya huruma katika filamu hiyohiyo.

Mchangiaji wa pili

Mkuu, naona unambebesha Chaplin mzigo mzito kwa filamu ya dakika ishirini na kitu. Mgomo wa watu walioamshwa usingizini ni mzaha tu. Halafu nikueleze jambo: nimewahi kufanya kazi ya kubeba vitu katika upigaji wa filamu moja hapa Dar es Salaam, katika nyumba ya kukodi, na nilipoona vile viti 11 sikucheka, niligusa bega langu. Siku ile tulihamisha makochi ya sebuleni mara nne kwa sababu jenereta la jirani lilikuwa likinguruma, na mwongozaji alikuwa akitafuta pembe ya nyumba isiyoingiwa na kelele. Tulilipwa nauli. Anayeonyesha kibarua akibeba huku mkubwa wake amelala, kwangu mimi amekwisha kusema jambo kuhusu malipo, hata kama hakutaja senti.

Mleta mada

Ndugu, hoja yako ina uzito kuliko yangu kwa sababu bega ni lako. Nakubali kwamba viti vile vinasema kitu. Nilichokigundua mimi ni kwamba vinasema kitu pale vinapobebwa na mtu mmoja, na filamu inabadilika sauti watu wale wanapokuwa wengi na kukubaliana.

Kwa anayetaka kuona bosi akikejeliwa kwa jina lake karibu waziwazi, amtafute Buster Keaton, mchekeshaji mwingine wa filamu bubu, katika The Playhouse ya 1921. Keaton alikuwa akifanya kazi katika studio ileile ya mtaa wa Lillian Way, Hollywood, ambamo Chaplin alitengeneza filamu zake za Mutual. Aliyelengwa ni Thomas Ince, mtayarishaji mkubwa aliyependa jina lake lionekane kila mahali kwenye orodha ya wahusika. Keaton akatengeneza ukumbi wa maonyesho ambamo kila mtu ni Keaton: wapiga muziki, waimbaji, mzee na mkewe kwenye viti vya heshima, mtoto na peremende yake. Mtazamaji mmoja, ambaye naye ni Keaton, anaisoma orodha iliyojaa jina moja na kushangaa kwamba huyu bwana ndiye onyesho zima.

Jinsi ilivyofanyika inastahili maneno machache. Lenzi ilifunikwa kwa kisanduku chenye vipande vyembamba vinavyofunguka kimoja kimoja. Kipande cha kwanza kilifunguliwa, Keaton akacheza upande wake, kikafungwa. Filamu ikarudishwa nyuma ndani ya kamera hadi pale ilipoanzia, kikafunguliwa cha pili, naye akacheza tena akiwa amevaa mtu mwingine, hadi wakafika Keaton tisa kwa safu. Kamera ilikuwa ya kuzungushwa kwa mkono, na mkono ulikuwa wa Elgin Lessley. Angekosea mwendo mara moja tu, mchezaji mmoja angekuwa na kasi kuliko wenzake, na kazi yote ingetupwa. Keaton alishika hatua zake kwa kufuata metronomu, chombo kinachogonga mapigo ya muziki. Nafahamu watu wanaoitazama leo na kudhani ni kompyuta.

Miaka ya sauti ilipoingia, mzaha uliendelea, lakini kwa maoni yangu ulipungua makali. Studio ya MGM ilitoa mfululizo wa filamu fupi za mbwa walioigiza filamu kubwa za wakati huo. The Dogway Melody ya 1930 iliigiza The Broadway Melody, filamu ya muziki iliyokuwa imeiletea kampuni hiyohiyo sifa mwaka uliotangulia. Mbwa walisimamishwa kwa nyaya nyembamba na kulishwa peremende ya kunata ili midomo yao ionekane inasema. Kampuni ikijidhihaki ili kuitangaza bidhaa yake, hiyo ni biashara, na mimi huwatazama mbwa wale zaidi kuliko ninavyocheka. Three Stooges, kundi la wachekeshaji watatu, nao, katika Movie Maniacs ya 1936, wanaingia studio kwa bahati, wanadhaniwa kuwa wakubwa waliotumwa, na wanaanza kuongoza filamu. Maana yake ni kwamba hakuna anayeweza kutofautisha mkuu wa studio na mpumbavu. Mzaha mzuri, ingawa baada ya dakika tano wanarudi kwenye kupigana makofi kama kawaida yao.

Mchangiaji wa kwanza

Na katuni? You Ought to Be in Pictures ya kampuni ya Warner, 1940, inahusu mkataba moja kwa moja. Bata Daffy anamshawishi nguruwe Porky avunje mkataba wa katuni na kwenda kuigiza na nyota Bette Davis kwa dola 3,000 kwa wiki. Aliyeketi nyuma ya meza ni Leon Schlesinger, mwenye studio ya katuni, akijiigiza mwenyewe. Hapo mshahara haukutajwa?

Mleta mada

Umetajwa, na nakushukuru, maana katuni hiyo imeongozwa na Friz Freleng kwa ustadi ambao bado unanishangaza: nguruwe aliyechorwa anatembea katika ofisi halisi, anafukuzwa na mlinzi halisi wa lango, anavuruga upigaji wa filamu ya kucheza dansi. Lakini tuiangalie inavyoishia. Porky anarudi mbio, anaomba arudishwe kazini, na Schlesinger anatoa mkataba wake akiwa anatabasamu. Hakuwa ameuchana kweli. Kazi ya nje ni ya hatari, bosi ni baba, mkataba wa zamani ndio nyumbani.

Katuni ilitoka Mei 1940. Mei 1941 wachoraji wa Schlesinger walipodai kutambuliwa kwa chama chao, aliwafungia nje milango ya studio kwa siku kadhaa kabla ya kukubali kutia saini. Mwisho wa mwezi huohuo wachoraji wa Disney nao wakagoma. Hayo sikuyaona katika katuni yoyote.

Filamu moja ninayoijua iliyovuka mpaka huo haikutengenezwa na studio yoyote. Ni The Life and Death of 9413, a Hollywood Extra, ya 1928, kazi ya Robert Florey na Slavko Vorkapich, iliyogharimu dola 97. Majengo ya Hollywood yalikatwa kwa makaratasi magumu na makopo na kumulikwa jikoni. Sehemu ya picha zilipigwa na Gregg Toland, ambaye baadaye alipiga Citizen Kane. Mtu anafika mjini na barua ya kumtambulisha. Ofisini hawaisomi, wanamwandika namba kwenye paji la uso, 9413, na tangu hapo ndilo jina lake. Kila anapopiga simu anajibiwa kwamba leo hakuna kazi, na neno hilo linarudi kwenye pazia mara nyingi kiasi kwamba kicheko cha mara ya kwanza kinakuwa kitu kingine kufikia mara ya tano. Anakufa kwa njaa. Mbinguni mkono unaifuta namba usoni pake.

Mchangiaji wa pili

Na Chaplin mwenyewe, alipokuwa bosi?

Mleta mada

Swali zuri. Alijenga studio yake barabara ya La Brea, na mwaka 1918 akapiga picha za filamu ya kuitembeza studio hiyo kwa mizaha, aliyoiita How to Make Movies. Humo majengo yanaota kutoka ardhini kwa kasi, kwa kuwa kamera ilipiga picha kidogo kidogo kadiri ujenzi ulivyoendelea, hadi unaona ukuta ukipanda kama mahindi baada ya mvua. Safari hii mwenye nyumba ni yeye, na wanaobeba viti ni watu wake. Haikutolewa wakati ule. Vipande vyake vichache alikuja kuvitumia mwaka 1959, mbele ya filamu zake nyingine tatu alizozitoa upya.